Imani yako, nauli ya nani?

Mtaje mwanafalsafa mbele ya watu wa dini, utaona nyuso zinavyobadilika. Kwa wengi wetu falsafa ya kisasa ni sentensi mbili tu: Marx aliyeandika mwaka 1844 kwamba dini ni kasumba ya watu, na Nietzsche aliyeandika mwaka 1882 kwamba Mungu amekufa. Wanaozipenda huzibandika mtandaoni, wanaozichukia huzikemea mimbarini, na pande zote mbili mara nyingi hazijasoma mstari wa juu wala wa chini yake. Marx, kabla hajafika kwenye kasumba, alikuwa ameshaiita dini pumzi ya kiumbe anayeonewa. Nietzsche naye maneno yale aliyatia kinywani mwa mwendawazimu aliyeingia sokoni mchana kweupe na taa mkononi akimtafuta Mungu, na waliokuwa wakimcheka pale sokoni walikuwa ni wale wasioamini. Tuwaache hao wawili, wamechoshwa na wanaowanukuu.

Mjadala unaonivutia mimi haukuuliza kama Mungu yupo. Uliuliza jambo linalotugusa hata sisi tusio na shaka kwamba yupo: una haki gani ya kuamini unachokiamini?

Aliyeuanzisha alikuwa mwanahisabati wa Kiingereza, William Kingdon Clifford, katika insha aliyoichapisha mwaka 1877. Anaanza na kisa cha mwenye meli. Meli yake ni kuukuu, haikuundwa vizuri tangu mwanzo, imekwenda bahari nyingi na kutengenezwa mara nyingi. Sasa inakaribia kung'oa nanga ikiwa imejaa wahamiaji. Mwenye meli anaingiwa na shaka: labda ikaguliwe kwanza, hata kama gharama itakuwa kubwa. Lakini anaizima shaka yake. Anajiambia kwamba meli imeshatoka salama katika dhoruba nyingi, na kwamba Mungu hawezi kushindwa kuzilinda familia hizi zinazoacha nchi yao kwenda kutafuta maisha. Basi anaiaga kwa moyo mweupe kabisa. Meli inazama katikati ya bahari, naye anachukua fedha zake za bima.

Clifford anasema huyu ana hatia ya vifo vile, na unyofu wa imani yake haumsaidii chochote, kwa sababu hakuipata kwa kuchunguza bali kwa kunyamazisha shaka. Kisha anaongeza jambo gumu zaidi: hata kama meli ingefika salama, hatia yake ingebaki vilevile. Asingekuwa hana kosa, angekuwa tu hajagunduliwa. Kutoka hapo anatoa sheria yake maarufu, kwamba ni kosa siku zote, mahali popote, na kwa mtu yeyote, kuamini jambo lolote bila ushahidi wa kutosha. Na hakuwa anazungumzia meli kwa kuota. Desemba 1870 alikuwa katika msafara wa wanasayansi waliokwenda kutazama kupatwa kwa jua, na meli yao ikavunjika pwani ya Sicily. Alijua maana ya kuwa abiria.

Msomaji wa pwani au wa kandokando ya Ziwa Victoria hahitaji kuelezwa zaidi. MV Bukoba, 21 Mei 1996. Spice Islander, usiku wa kuamkia 10 Septemba 2011, kati ya Unguja na Pemba. MV Nyerere, 20 Septemba 2018, kikiwa kimekaribia kabisa kufika Ukara, kivuko cha watu 101 kikiwa kimebeba zaidi ya mara mbili ya hao. Vyombo vyote vitatu vilijazwa kupita kiasi. Na baada ya kila msiba tulisema tunayoyasema siku zote: kazi ya Mungu haina makosa, siku yao ilikuwa imefika. Sisemi maneno hayo hayana kazi. Mfiwa anayahitaji, na asiyemwachia nafasi ya kuyasema hana utu. Lakini maneno yaleyale yakitoka kinywani mwa aliyekata tiketi za ziada yanakuwa kitu kingine kabisa, na ni huyo Clifford aliyekuwa akimlenga. Masheikh wetu nao wana hadithi ya yule mtu aliyemuuliza Mtume kama amwache ngamia wake huru na kutawakali, yaani kumtegemea Mungu, akajibiwa: mfunge, kisha utawakali. Clifford, aliyekuwa Mwanglikana wa bidii ujanani kisha akaiacha dini, angeukubali ushauri huo angalau nusu ya kwanza.

Jibu kubwa lilikuja baada ya yeye kufariki. Mwaka 1896 Mmarekani William James, daktari aliyegeuka kuwa mwanasaikolojia na mwanafalsafa wa Harvard, alichapisha insha, iliyotolewa kwanza kama hotuba, ya kutetea haki ya kuamini. James naye alikuwa na mwaka wake wa 1870. Mwezi Aprili, katika kipindi cha unyong'onyevu mkubwa wa moyo, aliandika katika shajara yake kwamba tendo lake la kwanza la hiari litakuwa ni kuamini kwamba ana hiari. Ukisoma insha yake bila kulijua hilo utadhani anacheza na maneno. Ukilijua, unaona mtu anayetetea kamba iliyomtoa kisimani.

Hoja yake ni hii. Kuna maswali ambayo ushahidi hauwezi kuyamaliza, na bado huwezi kukaa pembeni ukisubiri, kwa sababu kusubiri nako ni kuchagua. Swali likiwa la namna hiyo, likiwa zito, na pande zote mbili zikiwa hai moyoni mwako, basi una haki ya kuamua kwa moyo. Tena yako mambo ambayo hayawi kweli mpaka yaaminiwe kwanza. Anatoa mfano wa treni: majambazi wachache wanaweza kuwapora abiria wote, kwa sababu majambazi wanaaminiana na abiria hawaaminiani. Kila abiria anajua akiinuka peke yake atapigwa risasi kabla hajaungwa mkono. Kama kila mmoja angeamini kwamba behewa zima litainuka pamoja naye, wangeinuka, na ujambazi huo usingejaribiwa hata siku moja. Aliyewahi kukaa kimya ndani ya basi huku kondakta akimnyanyasa mwanafunzi anajua James anasema nini.

Ila kuna ukurasa wa James unaonifanya nicheke kila ninaposoma. Anaeleza maana ya chaguo hai na chaguo mfu. Anawaambia wasikilizaji wake: nikikuambieni muwe wafuasi wa theosofia, ile imani ya siri za kiroho iliyovuma wakati huo, au muwe Waislamu, kwenu hilo pengine ni chaguo mfu; nikisema muwe Wakristo au muwe watu wasiokata shauri kuhusu Mungu, hapo chaguo ni hai. Hata Mahdi anamtaja, yule wa Sudan aliyejitangaza kuwa mwongozi aliyeahidiwa na ambaye dunia nzima ilikuwa imemsikia miaka ya 1880. Anasema kwenu kumwamini Mahdi hakugusi waya wowote wa umeme moyoni, lakini kwa Mwarabu ni jambo linalowezekana.

Hebu ihamishe hotuba hiyo uipeleke Mombasa au Ng'ambo, Unguja. Uislamu ni hai kupita kiasi, Mahdi anazungumzwa barazani, na hilo la kutokata shauri kuhusu Mungu ndilo mfu, wengi hawajamwona hata mtu mmoja anayelishika hadharani. Ihamishie Moshi, hesabu inabadilika tena. James alikuwa mwaminifu kukiri kwamba uhai wa chaguo unategemea mtu. Hakukaa sana na kinachofuata: kwamba mara nyingi kinachoitwa moyo wangu ni mtaa niliozaliwa. Haki anayotupa ni ya kuendelea kuwa kile ambacho mama zetu walitufanya. Siidharau haki hiyo, mimi mwenyewe naila. Lakini asiseme mtu kwamba ni ujasiri wa peke yake.

Miaka mingi wasomi wamebishana nani kati ya hawa wawili yuko sahihi. Mimi naona walikuwa wakizungumzia vyombo viwili tofauti. Tazama tena abiria wao. Abiria wa Clifford hawakuulizwa. Hawajui hali ya mbao chini ya miguu yao, na imani inayoamua maisha yao imo katika kifua cha mtu aliyebaki bandarini. Abiria wa James wanajua kila kitu. Bunduki wanaiona, na anayeinuka anaiweka rehani shingo yake mwenyewe. Kwangu tofauti hiyo inazidi tofauti zote za ushahidi na moyo. Imani ambayo ikigeuka kuwa kosa hasara inakuwa yako, James akutetee, na mimi nitasimama upande wake. Imani ambayo ikigeuka kuwa kosa watalipa wengine, hiyo ipelekwe mbele ya Clifford bila huruma.

Clifford angenipinga papo hapo. Alisisitiza kwamba hakuna imani ya mtu mmoja. Kila tunachoamini kinaingia katika maneno, katika malezi, katika tabia za kizazi kinachofuata. Ana hoja. Mama anayefunga na kukesha akiombea ada ya mtoto anamfundisha mtoto huyo kitu kuhusu dunia, atake asitake. Ila kama kila imani ni meli, basi sote ni wakaguzi wa wote, na mji wa namna hiyo sitamani kuishi. Napendelea kusema kwamba kuna madaraja: kumwachia mtoto urithi wa dua si sawa na kumnyima dawa.

Hapa kipimo changu kinagonga mwamba, na mwamba wenyewe ni Nabii Ibrahimu. Baba wa imani kwa Wakristo na kwa Waislamu, na imani yake, kama ingekuwa kosa, ingelipwa na mtoto.

Wanafalsafa wawili wamenisumbua hapa. Wa kwanza ni Kant. Mwaka 1798, akiwa mzee, aliandika katika tanbihi tu kwamba Ibrahimu alipaswa kuijibu sauti ile hivi: kwamba nisimuue mwanangu mwema, hilo nina hakika nalo; kwamba wewe unayenitokea ni Mungu, hilo sina hakika nalo, wala siwezi kuwa nayo, hata sauti ikivuma kutoka mbinguni. Wa pili ni Kierkegaard wa Copenhagen, aliyeandika mwaka 1843 kitabu kizima akizunguka safari ile ya mlimani. Yeye alikiona alichokiona Kant na hakukubali kutoka kwa urahisi. Kama Kant ana haki, alisema kwa namna yake, basi Ibrahimu ni muuaji na tuache kumsifu makanisani. Hasira yake ilikuwa kwa wahubiri wanaokisimulia kisa kile Jumapili huku waumini wakisinzia, kana kwamba si jambo la kumkosesha mtu usingizi. Na kinachomshtua zaidi ni ukimya. Ibrahimu hamwambii Sara, hamwambii mtumishi wake, hamwambii Isaka. Hawezi kusema, kwa sababu hakuna lugha ambayo wangemwelewa.

Kierkegaard alikuwa na Mwanzo 22 mbele yake, na kule ukimya upo kweli: mtoto anauliza mwana-kondoo yuko wapi, na baba anajibu kwa kukwepa. Lakini msomaji aliyelelewa na Sura ya As-Saffat anakijua kisa kingine. Kule, katika aya ya 102, Ibrahimu anamweleza mwanawe ndoto yake waziwazi na kumuuliza: waonaje? Na mtoto anajibu, baba yangu, tenda unavyoamrishwa, inshallah utanikuta miongoni mwa wenye kusubiri. Abiria ameulizwa. Sijui Kierkegaard angeandika nini kama aya hiyo ingekuwa mezani kwake, lakini sura nzima ya kitabu chake kuhusu ukimya ingebidi iandikwe upya.

Je, ridhaa ya mtoto inatosha? Mimi nasema haitoshi, na kwa Ibrahimu wa leo nasimama na Kant. Nabii alikuwa mmoja, na mkono wake ulizuiwa. Mwaka 2023 katika msitu wa Shakahola, kaunti ya Kilifi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400 ya watu waliofundishwa kufunga mpaka kufa ili wakutane na Yesu. Watu wazima waliokuwemo ndani yao wanaweza kubishaniwa usiku kucha, kwamba walidanganywa au waliamua. Watoto hawabishaniwi. Wapo walioridhia, bila shaka, kama mtoto yeyote anavyoridhia jambo analoambiwa na mzazi wake. Na hakuna mkono uliozuiwa.

Kila janga la namna hii likitokea, serikali zetu hukimbilia vyeti. Rwanda mwaka 2018 ilifunga mamia ya makanisa na kutunga sheria inayowataka viongozi wa dini wawe na elimu ya dini ya chuo kikuu, na kila baada ya muda utasikia wanasiasa wa Kenya na Tanzania wakiitamani sheria hiyo. Sioni itasaidia nini. Mwenye meli wa Clifford hakukosa leseni. Ningetaka mkaguzi afike na maswali mengine: muumini akiugua, anakwenda hospitali bila kuitwa msaliti? Mke akitaka kuhama, anahama na watoto wake? Aliyeuza shamba akaleta sadaka, anaonyeshwa hesabu? Na mtoto, nani nje ya kanisa au madrasa ile anamwona kila wiki? Hakuna hata swali moja hapo linalomtaka afisa wa serikali aamue kama Mungu yupo au dhehebu gani lina haki, na ndiyo maana nayapenda kuliko vyeti.