Bajeti ya Februari, sheria ya Juni

Jioni moja kijiweni Ngamiani, jijini Tanga, fundi baiskeli mmoja alimgeukia diwani aliyekuja kunywa kahawa. "Mwezi wa pili ulikuja hapa hapa ukatuambia mfereji wetu umepita. Leo mwezi wa tisa unasema hela hakuna. Sasa mlipitisha nini?" Diwani akacheka, akalipia kahawa ya wote tuliokuwepo, akaaga. Swali likabaki na sisi, na mimi nimekuwa nikilitafuna tangu siku ile.

Walipitisha ruhusa. Bajeti, iwe ya jiji au ya taifa, haina noti ndani yake. Ni idhini ya kutumia fedha fulani kwa kazi fulani, zikipatikana. Upande wa Serikali Kuu jambo hili liko kwenye Katiba: Ibara ya 136 imeufunga Mfuko Mkuu wa Hazina, hakitoki kitu humo bila idhini ya Katiba au ya sheria, na Ibara ya 138 inakataza kutoza kodi isiyotokana na sheria. Halmashauri nazo zina Sheria ya Fedha za Serikali za Mitaa, Namba 9 ya mwaka 1982, inayotaja ushuru, ada na kodi wanazoweza kukusanya. Lakini orodha hiyo ni kazi ya Bunge, na Bunge linaweza kuipunguza mwaka wowote linapotaka.

Tazama kalenda. Kati ya Januari na Machi, baada ya vipaumbele kutoka mitaani na kwenye kata, baada ya wataalamu kupiga hesabu na Kamati ya Fedha na Uongozi kuzipitia, madiwani hukaa na kupitisha. Hesabu hizo hupanda mkoani, zikakutana na za halmashauri nyingine kumi za Tanga, zikaenda Dodoma kuingia Fungu 86, ambalo ndilo jina la mkoa wetu kwenye vitabu vya bajeti. Kuanzia Aprili Bunge huchambua wizara moja baada ya nyingine. Mbunge hutishia kushika shilingi ya waziri, yaani kuzuia fungu la mshahara wake lisipite, hupewa maelezo, huiachia. Muda ukiisha, gilotini, ile kanuni ya kukata mjadala, hushuka na vifungu vilivyobaki hupita kwa mkupuo. Katikati ya Juni Waziri wa Fedha husoma hotuba yake, kisha wabunge huitwa majina mmoja mmoja kusema ndiyo au hapana. (Wanaoshangaa kwa nini "hapana" huwa chache wasome Ibara ya 90: Bunge likikataa bajeti ya Serikali, Rais anaweza kulivunja.) Mwisho wa Juni ndipo hupita Sheria ya Fedha, ile inayogusa viwango vya kodi na tozo, na Julai mosi inaanza kazi.

Kwa hiyo diwani anapiga kura Februari juu ya mapato ambayo viwango vyake vinaweza kubadilishwa Juni, na watu ambao hawakuwa kwenye kikao chake. Si hofu ya kufikirika. Mwaka 2003 kodi ya maendeleo, ile ya kichwa, ilifutwa pamoja na msururu wa ushuru mdogo mdogo. Mwaka 2016 kodi ya majengo ilihamishiwa TRA, Mamlaka ya Mapato ya taifa. Mwaka 2017 ushuru wa mazao ukashushwa kutoka asilimia 5 hadi 3 kwa mazao ya biashara na 2 kwa ya chakula, na mzigo usiozidi tani moja ukaachiwa uvuke halmashauri bila kutozwa. Kwa wilaya inayoishi kwa mahindi, kutoka 5 kwenda 2 ni zaidi ya nusu ya chanzo kuondoka, wakati bajeti imeshachapwa na miradi imeshatangazwa kwenye mikutano ya hadhara.

Hata hivyo siwezi kusema Bunge lilikosea kwenye mambo yenyewe. Walioishi enzi za kodi ya kichwa wanakumbuka mgambo wa alfajiri na wanaume wazima wakijificha mashambani kwa ajili ya risiti. Ushuru wa mazao nao ulitozwa kwenye thamani ya mauzo, mkulima awe amepata faida au amekula hasara, na asilimia 5 ya mauzo kwa mtu aliyekopa mbolea inaweza kuwa faida yake yote. Anayesafirisha magunia yake machache ya mahindi kutoka Handeni kuja kuuza mjini hakustahili kusimamishwa getini kama mlanguzi.

Na liko jambo kubwa zaidi linaloitetea Dodoma. Jiji la Tanga lina bandari, lina viwanda vya saruji, lina Chongoleani ambako linaishia bomba la mafuta ghafi la kilomita 1,443 kutoka Uganda. Ushuru wa huduma wa asilimia 0.3 ya mauzo una pa kushika hapa. Kule Kilindi, wilaya ya vijijini ya mkoa huu huu, ushike wapi? Kama kila halmashauri ingeishi kwa inachookota yenyewe, mwalimu wa Kilindi asingelipwa sawa na wa Chumbageni hapa mjini. Mwaka wa fedha 2024/25 bajeti ya taifa ilikuwa Sh49.35 trilioni, na vyanzo vya ndani vya halmashauri zote 184 vilikadiriwa trilioni moja na ushei. Hazifiki shilingi tatu katika kila mia. Kinachobaki kinatoka kwenye kapu la Hazina, na mwenye kapu hawezi kukosa neno.

Ila urahisi huo wa kukusanya kutoka juu umeacha kitu njiani. Tangu 2021 kodi ya majengo hukatwa kwenye LUKU, umeme wa kulipia kabla, kwanza Sh1,000 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, baadaye 1,500. Nilikuwepo jirani yangu, mpangaji wa chumba kimoja, alipoweka umeme wa elfu tano mwanzo wa mwezi. Akahesabu yuniti, akahesabu tena, akaniuliza kama simu imekosea. Nyumba si yake na kodi ya pango ameshalipa. Mwenye nyumba anakaa mji mwingine na mita hainunulii. Zamani, kwa ubovu wake wote, kodi hii ilikuwa na uso: ofisa akija, unaweza kumwonyesha shimo lililo mbele ya mlango wako. LUKU huwezi kuionyesha shimo.

Hili la ngazi ya juu kuchota vyanzo vya ngazi ya chini si letu peke yetu. Jimbo la California, Marekani, ambalo mwaka wake wa fedha huanza Julai mosi kama wetu, lilikuwa na mazoea ya kuchukua sehemu ya kodi ya majengo ya miji na wilaya zake kila hazina yake ilipopwaya. Mwaka 2004 wapigakura wakabadilisha katiba ya jimbo kulizuia, wakaliachia mwanya mmoja wa kukopa na kurudisha. Mwaka 2009 mambo yalipokuwa magumu, jimbo likautumia. Mwaka 2010 wapigakura wakauziba. Miji ikapumua, lakini jimbo nalo likabaki na mikono iliyofungwa, na hilo ni onyo kwa wanaotaka kila kitu kiandikwe kwenye katiba.

Hapa hapa Tanga tuna mfano wa karibu. Februari 2024 mamlaka yetu ya maji, Tanga UWASA, ilizindua hatifungani ya kijani, yaani mkopo kutoka kwa wawekezaji kwa ajili ya miradi ya mazingira, ya Sh53.12 bilioni, ya miaka kumi, riba asilimia 13.5 kwa mwaka, ili kupanua huduma inayotegemea maji ya bwawa la Mabayani kwenye mto Zigi. Wanunuzi wakaleta zaidi ya kilichoombwa. Wapo wanaosema riba hiyo ni kubwa kwa chombo cha umma na kwamba mwishowe mlipaji ni mimi na wewe kwenye ankara. Ni kweli. Lakini kwa nini wakopeshaji walikubali? Kwa sababu ankara ya maji ni chanzo kinachoonekana, cha mwezi hadi mwezi, na miaka kumi mbele mtu anaweza kukipigia hesabu. Halmashauri ambayo chanzo chake kinaweza kukatwa nusu Juni ianze kuumia Julai, nani ataipa mkopo wa miaka kumi?

Ndiyo maana mabishano yetu ya kila mwaka, nani akusanye, TRA au halmashauri, naona yamekaa pembeni ya jambo. Akusanye mwenye gharama ndogo. Kinachoniuma ni majira. Sheria ya Fedha ikipunguza chanzo cha halmashauri, punguzo hilo lingeanza mwaka wa fedha unaofuata, baada ya madiwani kupata nafasi ya kupanga upya. Na kama halingoji, basi Hazina ijaze pengo kwa mwaka huo mmoja, kwa kiasi kilichotajwa ndani ya sheria ile ile. Pengo hili halili mifereji tu. Asilimia 10 ya mapato ya ndani ndiyo inayokopeshwa vikundi, 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana, 2 kwa watu wenye ulemavu. Mapato yakishuka, kikundi cha wauza samaki wa Deep Sea kinaambiwa kisubiri bila kujua nani kakisubirisha.

Najua watu wa Hazina watakavyojibu: nafuu ya mkulima haiwezi kungoja miezi kumi na miwili kwa sababu baraza fulani limeshapitisha mfereji. Sawa, isingoje. Mkulima apewe nafuu yake Julai mosi, na aliyeitoa ndiye ailipie.