Tani hamsini, halafu mnakiita "kidogo"

Juzi nilikaa kutazama kipindi cha televisheni kuhusu reli za Uingereza. Karibu chote ni treni za kasi tu, kamera imefungwa puani mwa kichwa cha treni, muziki kama wa vita. Mwishoni kabisa, nyuma ya mtu aliyekuwa akihojiwa, kikapita Class 08, kichwa cha dizeli cha kupangia mabehewa yadini (uwanja wa reli wa kuunganisha na kutenganisha treni), kikisukuma mabehewa matupu. Mtangazaji akataja kwamba "vichwa vidogo" vya yadini navyo vina kazi yake. Basi, imetoka hiyo. Nilizima.

Vidogo! Kila kimoja kinakaribia tani 50. Vilitengenezwa 996 kati ya 1952 na 1962, na hakuna aina nyingine ya kichwa cha dizeli Uingereza iliyofikia idadi hiyo. Ila kwa kuwa hakikimbii, hakina historia.

Kinachoniudhi zaidi ni wanaosema kilidumu kwa bahati. Kilidumu kwa sababu kilifikiriwa mapema. Kampuni ya reli ya LMS ilianza kujaribu dizeli za kushanti, yaani za kusogeza na kupanga mabehewa, miaka ya 1930, wakati mvuke bado ni mfalme, na sababu ilikuwa hesabu tupu. Kichwa cha mvuke yadini lazima kiwashwe saa kadhaa kabla ya kazi, kina dereva na mtu wa moto, halafu muda mwingi kimesimama tu kinakula makaa kikisubiri amri. Dizeli unaiwasha inapohitajika, na inaweza kupiga kazi karibu mchana na usiku. Kwa hiyo 1952 ilipofika, British Railways, shirika la reli la taifa (baadaye British Rail), hawakuwa wanabahatisha. Makosa yalikuwa yamekwishafanywa na wengine.

Ukiangalia karatasi utacheka: injini ya English Electric ya silinda sita, nguvu za farasi 350. Kuna magari ya matajiri yanayozidi hapo. Lakini injini ile inazunguka taratibu, mizunguko 680 kwa dakika ikiwa imefika mwisho. Kazi yake ni kuzalisha umeme, na umeme ndio unaozungusha mota mbili. Vyuma vya pembeni vinayafunga magurudumu yote sita pamoja, kwa hiyo hakuna hata moja linalotegea. Nguvu yote iko pale mwanzoni, mzigo unapogoma. Dereva kachomoa kichwa dirishani, macho kwenye mkono wa mtu aliye chini; anagusa kidogo, bafa, vile vizuia-mgongano vya mwishoni mwa mabehewa, zinagongana ngaa, mnyororo unakaza, na safu nzima ya mabehewa inaanza kujongea kama imeamua yenyewe. Treni ya kasi iambieni ifanye hivyo.

Sasa linganisheni na Class 14, aina nyingine ya kichwa cha dizeli. Karakana ya Swindon ilianza kuvitoa 1964: farasi 650, transmisheni ya haidroliki (nguvu inafika magurudumuni kwa mafuta, si kwa umeme), kasi mara mbili ya 08. Kwenye karatasi ni kitu cha kisasa. Kilikusudiwa kazi za yadi ndogo na mizigo ya safari fupi, kazi zilezile ambazo baada ya ripoti ya Beeching ya 1963, ile iliyopendekeza kupunguza reli, zilikuwa zinafungwa moja baada ya nyingine. Wakatengeneza 56 hata hivyo! Mwaka 1969 haujaisha, British Rail ilikuwa imeviondoa vyote. Wenye migodi ya makaa na viwanda vya chuma wakavinunua vikiwa karibu vipya, wakavitumia kwa raha zao. Mashine haikuwa na kosa. Wapangaji ndio waliokuwa wamelala.

Haya, nakubali: 08 haivuki kilomita 32 kwa saa, kelele yake si ya kawaida, na ikitakiwa mbali mara nyingi hupakiwa kwenye lori, kichwa cha treni kinabebwa barabarani kama ng'ombe wa mnada. Na ndiyo, mamia yake yalikatwa vyuma chakavu yadi zilipofungwa. Hata kule Tinsley, karibu na Sheffield, walilazimika 1965 kuunganisha viwili viwili, kimoja kikikatwa chumba cha dereva, kwa sababu kimoja peke yake hakikutosha kwenye kilima cha kupangia mabehewa. Jozi tatu tu. Mimi naziona nzuri, mke wangu anasema zinafanana na soli ya kiatu.

Jana nilirudi kwenye kile kipindi, nikasimamisha pale 08 inapopita. Ni kama sekunde nne. Nilitaka kusoma namba ubavuni, lakini bega la mtu anayehojiwa limeiziba.