Fidel alitutendea wema, ila Wacuba nao wana haki ya kulalamika

Mzee wangu alikuwa akimtaja Fidel Castro, kiongozi wa Cuba, utadhani anamtaja ndugu yake, na sababu yake ilikuwa moja tu, Angola. Mwaka 1975 makaburu wa Afrika Kusini wanaikaribia Luanda, mji mkuu wa Angola, aliyeleta wanajeshi kuwazuia ni huyu jamaa wa kisiwa kidogo cha Karibi, na hadi wanaondoka 1991 Wacuba zaidi ya 300,000 walikuwa wamepita pale, kama 2,000 hivi wakafia hukohuko. Baada ya vita ya Cuito Cuanavale, kusini mwa Angola, makaburu wakakubali mazungumzo, Machi 1990 Namibia, waliyokuwa wakiitawala, ikawa huru. Mandela alipotoka jela hakukawia kwenda Cuba kushukuru. Mimi hilo deni nalikubali kwa moyo wote.

Ila jeshi hilohilo 1977 lilienda Ethiopia. Sawa, Somalia ndo ilivamia Ogaden, eneo la Ethiopia, lakini aliyepona pale ni Mengistu, mtawala wa Ethiopia, kipindi kilekile anaua vijana mitaani Addis Ababa, na hili sisi tunaompenda Fidel huwa hatulitaji kabisa.

Na nyumbani kwake je? Mwaka 1961 alituma vijana wa shule hadi vijijini milimani wakafundishe watu kusoma, ndani ya mwaka mmoja ujinga wa kutojua kusoma ukabaki kidogo sana, nani atabisha hapo. Halafu miaka michache mbele, mashoga na Mashahidi wa Yehova wakapelekwa kambi za kazi za lazima. Mwaka 1980 watu kama 125,000 wakapanda boti bandari ya Mariel wakaenda Marekani, 2003 wapinzani 75 wakakamatwa kwa mkupuo, wengine waandishi wa habari, wakapigwa vifungo virefu. Najua mtasema vikwazo vya Marekani, na ni kweli vimewatesa wale watu mno, ila aliyewafunga waandishi sio Marekani. Kwahiyo Mcuba akilalamika tusimzibe mdomo eti kwa sababu Fidel alitusaidia sisi.

Kabla hajafa 2016 aliagiza asijengewe sanamu wala mtaa usipewe jina lake, na bunge likalipitisha kuwa sheria. Kwa hilo namheshimu sana. Lakini kiti alikikalia toka 1959 hadi 2008 bila kushindana na chama kingine hata siku moja, na mimi naumia nikifikiria kwamba angeweza kukiachia 1990, Namibia ikipandisha bendera yake.