Muvi za Indonesia: intaneti inazibeba ama inazidumaza?

Ukiambiwa muvi iliyouza tiketi zaidi ya milioni 9 ilianza kama uzi wa Twitter utadhani unapigwa fiksi, ila Indonesia ndo ilivyokuwa, mwaka 2019 jamaa anayejiita SimpleMan alishusha stori ya wanachuo waliopelekwa kijijini kujitolea wakavunja miiko ya wenyeji, nchi nzima ikawa inausoma ule uzi usiku taa zikiwaka, na 2022 ikatoka KKN di Desa Penari, tena msimu wa Idi, watu wana muda na vihela. Agak Laen ya 2024 ndo hivyohivyo, wachekeshaji wanne walioanza na podikasti yao wakapita milioni 9 nao.

Kwa hilo nawapa saluti, kwa sababu intaneti imewaonesha maprodyuza kwamba watu wanataka cha kwao. Mchukulie pocong, yule mzimu wao aliyevaa sanda: vifundo havikufunguliwa kaburini, miguu imebanwa, kwa hiyo hatembei, anarukaruka. Muislamu yeyote aliyewahi kushuka kaburini kuzika hahitaji maelezo hapo. Na visiwa viko zaidi ya 17,000, kumbi za sinema zimerundikana Java, sasa aliye mbali bila simu angeonea wapi?

Ila kuna upande unanikera. Kitu kikishatrendi prodyuza anaona watazamaji anao tayari, kazi ya kuandika stori mpya ya nini, basi ni mizimu juu ya mizimu, na wengi wanaomfuata mwongozaji Joko Anwar tangu muvi yake ya kutisha, Pengabdi Setan ya 2017, wamechukua zile kelele tu, ule utulivu wake wa kukuacha unasubiri mlango ufunguke hawana (na mbona mizimu yenyewe mingi ni wanawake?).

Wanajitetea eti soko ndo linataka hivyo. Halafu 2025 ikaja Jumbo, katuni ya dogo yatima aliyeachiwa na wazazi kitabu cha hadithi, hakuna uzi wala kiki ya kuanzia, watu zaidi ya 400 waliifanyia kazi kama miaka mitano hivi, ikapita tiketi milioni 10. Utetezi ukafia hapo, japo na mimi nisijifanye sijui, kuwalipa watu 400 miaka mitano ni hela ndefu, na prodyuza mwenye muvi ya pocong mkononi hela yake anaiona Idi ijayo tu.