Wetu walituachia uwanja wa ndege

Wiki iliyopita binamu yangu alituma picha kwenye kundi la WhatsApp la familia. Alikuwa akitoka Naivasha, akasimama pale mteremkoni Mai Mahiu, kwenye lile kanisa dogo la Waitaliano. Picha ilikuwa nzuri. Chini yake akaandika: "Hawa walikuwa wafungwa wa vita na bado walituachia barabara na kanisa. Wetu wa Manyani walituachia nini?"

Watu wakacheka. Mama yangu, ambaye baba yake alipita Manyani, ile kambi ambamo Waingereza waliwazuia watu wakati wa vita vya Mau Mau, alisoma na hakujibu kitu. Nilimwona akiweka simu mezani, kioo kikiangalia chini, kisha akaenda kuchambua mboga ambazo zilikuwa zimeshachambuliwa.

Najibu hapa kwa sababu pale jibu lisingetoshea, na kwa sababu swali hili nimelisikia kwa wengi ambao si binamu yangu.

Sina ugomvi na kanisa lile. Lilijengwa mwaka 1942 na mateka wa Kiitaliano waliokuwa wakichonga barabara ile ya ukingo wa Bonde la Ufa, na kila ninapopita hapo nageuza shingo kulitazama. Wala sisemi Waitaliano walikuwa likizoni. Mtu aliyetekwa Ethiopia mwaka 1941, akaletwa Kenya kwenye lori, akakaa nyuma ya seng'enge hadi vita viishe asijue mkewe yu hai au amekufa, huyo ameteseka. Wengi hawakurudi kwao. Wamelala Nyeri, kwenye kanisa la kumbukumbu pale Mathari.

Lakini hebu tuangalie mfungwa wa vita alikuwa na nini.

Januari 1943, wafungwa watatu wa Kambi namba 354 ya Nanyuki walitoroka: Felice Benuzzi, Giovanni Balletto na Vincenzo Barsotti. Hawakukimbilia mpakani. Walitaka kupanda Mlima Kenya, ule mlima waliokuwa wakiutazama kila asubuhi kupitia waya. Miezi mingi kabla ya hapo walikuwa wakificha chakula kidogokidogo na kutengeneza vyuma vya kukanyagia barafu kutokana na vyuma chakavu. Barsotti aliugua, akabaki chini. Wale wawili wakafika kilele cha Point Lenana, wakasimika bendera ya Italia, wakashuka, wakarudi kambini kwa miguu yao wenyewe na kujisalimisha. Adhabu yao ilikuwa siku 28 za kufungiwa peke yao. Mkuu wa kambi akazipunguza, wakakaa 7.

Ni kisa cha ajabu na nakipenda. Lakini shika hizo siku 7.

Miaka kumi baadaye, kwenye mlima uleule na msitu uleule, Mkenya aliyekamatwa na risasi moja mfukoni aliweza kunyongwa. Hakuhitaji kuwa na bunduki. Risasi ilitosha. Waliopandishwa kitanzini wakati wa Hali ya Hatari walipita 1,000.

Tofauti ya siku 7 na kitanzi haikutokana na ukali wa mkuu huyu wala upole wa yule. Ilitokana na jina. Benuzzi aliitwa mfungwa wa vita, na jina hilo lilikuwa na Mkataba wa Geneva wa 1929 nyuma yake. Mkataba ulisema aandikishwe, jina lake lipelekwe kwao, apate barua na vifurushi, atembelewe na watu wa kutoka nje. Ulisema akitoroka na kukamatwa aadhibiwe kama askari mkosaji, na adhabu ya kufungiwa isizidi siku 30. Jina hilo halikumfungulia lango, lakini lilimwekea sakafu chini ya miguu, na hakuna askari wa zamu aliyeruhusiwa kumsukuma chini ya hapo.

Wetu walinyimwa jina hilo kwa makusudi. Serikali ya kikoloni ilitangaza Hali ya Hatari Oktoba 1952 na ikashikilia kwamba hii si vita, ni uhalifu. Ikaleta vikosi kutoka Uingereza. Ikaleta ndege za Lincoln zikadondosha mabomu Nyandarua. Ukipiga msitu kwa mabomu, huko ni vita, na unayemkamata ndani ya msitu huo ni mateka wako. Uingereza ilikuwa imeweka sahihi mikataba mipya ya Geneva mwaka 1949, lakini haikuiridhia hadi 1957, wakati msitu ulikuwa umekwisha kunyamazishwa. Msalaba Mwekundu wa Geneva nao haukuingia kwenye kambi zetu kukagua hadi mwaka huohuo wa 1957. Watu walikuwa wameshapigwa na kuzikwa miaka minne.

Mfikirie Waruhiu Itote, Jenerali China wa Mau Mau. Alipigana Burma akiwa askari wa King's African Rifles, jeshi la Waingereza la Waafrika. Angetekwa na Wajapani kule, ingawa wangemtesa, Waingereza wenyewe wangemhesabu kuwa mfungwa wa vita na kudai arudishwe. Alikuja kutekwa nyumbani kwao, Januari 1954, shingo ikiwa na jeraha la risasi, na dola ileile aliyoipigania ikamhukumu kifo. Alinusurika, lakini kwa mazungumzo, si kwa haki.

Sasa njoo Nyeri. Amedeo, Duke wa Aosta, ndiye aliyekuwa mkubwa wa Waitaliano wote Afrika Mashariki. Aliposalimu amri Amba Alagi, Ethiopia, Mei 1941, Waingereza walimpa heshima za kijeshi. Aliugua malaria na kifua kikuu akiwa mateka, akafa Nairobi tarehe 3 Machi 1942, na kwa matakwa yake akazikwa Nyeri pamoja na askari wake. Kaburi lake unaweza kulishika kwa mkono.

Dedan Kimathi alikamatwa Nyeri hiyohiyo, Oktoba 1956, akiwa amepigwa risasi mguuni. Kosa aliloshtakiwa ni kupatikana na bastola na risasi, kama mwizi wa benki. Akanyongwa gereza la Kamiti tarehe 18 Februari 1957. Kaburi lake halijulikani hadi leo. Wote wawili walikuwa makamanda, wote wawili walitekwa na dola moja, na mmoja tu ndiye ana mahali ambapo mtoto wake angeweza kuweka ua.

Tarehe 3 Machi ilirudi tena. Mwaka 1959, siku hiyo, kambi ya Hola, watu wa kizuizini walitolewa kwenda kuchimba mfereji. Walikuwa wamekataa kufanya kazi kwa sababu hawakuwa wafungwa wa kuhukumiwa. Askari jela wakaagizwa kuwalazimisha. Watu 11 wakafa kwa kipigo. Taarifa ya kwanza ya serikali ikasema wamekufa baada ya kunywa maji. Miaka miwili kabla ya hapo, Mwanasheria Mkuu wa koloni, Eric Griffith-Jones, alikuwa amemwandikia Gavana kwamba ikiwa watatenda dhambi, basi waitende kimyakimya. Barua hiyo ipo.

Najua kuhusu mauaji ya Lari. Najua wapiganaji wa msituni waliua wanawake na watoto, na sitaki mtu aniletee hilo kana kwamba nimelificha. Lakini mkataba wa mateka haukuandikwa kwa ajili ya watu wema. Uliandikwa kwa sababu kila upande huamini upande wa pili ni wanyama. Na wengi waliosombwa Nairobi mwaka 1954 hawakuwahi kushika hata panga.

Babu alisombwa siku hizo. Hakusimulia sana. Ya Manyani alimwambia nyanya jambo moja: ndoo za choo. Walibebeshwa vichwani, zimejaa, nyingine zinavuja, wakikimbizwa. Nyanya anasema aliporudi nyumbani hakukubali tena kubeba kitu chochote kichwani, hata mtungi wa maji, hata kofia hakuvaa. Mimi namkumbuka kwa namna yake ya kula, mkono wa kushoto umezunguka sahani, kichwa kimeinama, anamaliza kabla hatujagawiwa. Na gari likisimama barabarani, anainuka. Si kwenda kuangalia. Anainuka tu, anasimama wima, mikono ubavuni, mpaka gari liondoke.

Kwa hiyo, binamu, ulitaka kujua walituachia nini.

Walituachia Embakasi. Uwanja huo wa ndege wa Nairobi, uliofunguliwa mwaka 1958, ulijengwa kwa nguvu za wafungwa na watu wa kizuizini wa Hali ya Hatari. Walipasua mawe yale kwa nyundo. Wewe mwenyewe uliruka kutoka hapo ulipokwenda Dubai, na picha yake pia uliitupia hapa kundini. Walituachia Mwea. Mifereji ya kwanza ya mashamba yale ya mpunga ilichimbwa na watu wa kambi, udongo ukibebwa kwenye karai na ndoo, na ile pishori tunayoinunua Krismasi inamea juu ya kazi hiyo. Babu aliwekwa huko. Wali ulipopikwa alikula viazi. Sisi watoto tulidhani haupendi.

Mwaka 2013 Uingereza ilikubali kuwalipa wazee 5,228 pauni milioni 19.9 na kusema inasikitika. Mwaka 2015 ikajengwa sanamu Uhuru Park. Sawa, ni kitu, na nawapongeza wazee waliokwenda mahakamani wakiwa na miaka zaidi ya sabini. Babu alikuwa ameshakufa.

Nilipomaliza kuandika haya nilimsomea mama. Akaniuliza kama nimeandika kambi zote. Nikasema Manyani na Mwea. Akasema kulikuwa na nyingine kabla ya hizo. Tukampigia nyanya. Nyanya alikumbuka kwamba ilikuwa kisiwani, na kwamba babu alisema maji yake yalinyweka. Kama yalinyweka basi haikuwa Manda, maana Manda ni bahari ya chumvi. Ni ziwani, ni Mageta au Saiyusi. Nilimuuliza ni ipi kati ya hizo mbili. Alinyamaza kwenye simu muda mrefu, nikasikia kuku wakipita nyuma yake, kisha akasema babu hakuwahi kutaja jina, alikuwa akisema tu, kule kwenye maji.