Njuga unazo, ilimba je?

Tamasha la Bagamoyo likikaribia, vikundi vya vijana hushughulikia kwanza mavazi: kaniki, shanga, njuga miguuni. Ilimba, ile ala ya Wagogo ya sanduku lenye vyuma vinavyopigwa kwa vidole gumba, hukumbukwa siku mbili kabla ya onesho, ikapelekwa kwa mpiga kinanda "aisawazishe". Hapo hapo Hukwe Zawose, bingwa wa ala hiyo, anakuwa ameshapotea, hata kama jina lake limeandikwa kwenye bango.

Zawose alikuwa Mgogo wa Dodoma. Mwalimu Nyerere ndiye aliyemwita Dar es Salaam, na baadaye akahamia Bagamoyo, kulikofunguliwa chuo cha sanaa mwaka 1981. Akafundisha, akaishi na kufia hapa, 30 Desemba 2003. Hakuwa mwimbaji wa mapenzi tu. Majina ya albamu zake mbili, Tanzania Yetu na Mateso, yanatosha kukuonyesha alikuwa anatazama wapi. Chibite ya mwaka 1996, aliyoimba na Charles Zawose, ndiyo ningemshauri mtu aanze nayo, kwa sababu ilimba inasikika kwa karibu.

Sasa ala yenyewe. Ilimba kubwa hubeba vyuma zaidi ya 60, na vingi havipigwi kabisa. Ukigusa chuma kimoja, wenzake wa sauti ileile hutikisika vyenyewe. Kijana akiving'oa apunguze "fujo", anabaki na sanduku kavu. Kwenye tundu la sanduku hubandikwa utando wa buibui, ule wa mfuko wa mayai, nao ndio unaoleta mvumo kama wa nyuki. Mvumo huo si ubovu wa ala!

Na mpiga kinanda anakosea wapi? Sauti za Kigogo zinafuata mlio wa asili wa uzi, ule unaoupata ukigusa uzi wa zeze kwa wepesi bila kuukandamiza. Moja kati ya sauti hizo iko chini ya ile ya kinanda kwa karibu theluthi ya nusu toni, yaani theluthi ya hatua kati ya vitufe viwili vya kinanda vinavyofuatana. Ukiilazimisha ikubaliane na kinanda, koo la mwimbaji linakwenda kwake na ilimba kwake, na vyuma vya pembeni vinaacha kuitikia.

Anza na chuma kinene, kifuate sauti ya mwimbaji, kisha mwenzake wa juu yake. Gonga kwa nyundo ndogo, kidogo kidogo: ulimi, yaani sehemu ya chuma inayotokeza mbele ya daraja, ukirefuka sauti inashuka, ukifupika inapanda. Sikiliza majirani, wakiitika, umefika. Chuma kikilia "tk" na kukatika, tazama kutu pale kinapolalia daraja. Hewa ya chumvi ya huku haina huruma. Kitoe, kipitishie msasa laini, kifute kwa mafuta mepesi, kirudishe. Utando ukilegea kwa unyevu, usiupake chochote, badilisha. Beba wa akiba.

Jukwaani, kipaza sauti cha kubandika kwenye ubao huokota vishindo vya vidole na kuacha mvumo nje. Weka maiki ya kawaida, shibiri moja kutoka kwenye tundu lenye utando, mbali na spika za miguuni. Fundi mitambo akianza kupunguza sauti nyembamba kwa sababu "inakwaruza", mtu mmoja wa kikundi awe amesimama pale mezani kumzuia.