Jiwe la Papa na hofu ya kura

Mwandishi wa makala ninayoijibu hapa ameieleza chuki dhidi ya Wakatoliki katika historia ya Marekani kana kwamba ilikuwa mabishano ya kidini tu. Kwa maoni yangu, ameisahau kura. Wahamiaji waliomiminika kutoka Ireland wakati wa njaa ya miaka ya 1840, wengi wao Wakatoliki, walikuwa wapiga kura wa kesho, na ndiyo maana chama cha Know Nothing, kilichopinga wahamiaji na Wakatoliki, kilitaka mgeni akae miaka 21 kabla ya kupewa uraia. Papa Pius IX alipotoa jiwe la marumaru kwa ajili ya mnara wa kumbukumbu ya George Washington, rais wa kwanza wa Marekani, mwezi Machi 1854 watu walimzuia mlinzi kibandani mwake usiku wakalichukua; mwaka uliofuata wafuasi wa chama hicho waliteka uongozi wa jumuiya iliyosimamia ujenzi, fedha zikakauka, na mnara ukabaki kigutu kwa miaka mingi hadi ulipokamilika mwaka 1884. Hata leo rangi ya mawe hubadilika karibu na pale kazi iliposimama. Millard Fillmore, rais wa zamani aliyekuwa mgombea urais wa Know Nothing mwaka 1856, aliambulia jimbo moja tu, Maryland, ambalo (ajabu kweli) lilianzishwa na familia ya Kikatoliki.